Chuo cha Vyuo

Bibi mzaa mama aliishi Pangani, nyumba ya tatu kutoka ukingo wa mto, na kwake kitabu kiliitwa chuo. "Mume wangu, nipe kile chuo hapo juu ya kasha," alikuwa akiniambia, kama mabibi wa kwetu wanavyowaita wajukuu wao wa kiume. Nilikuwa nampa huku nina swali ambalo sikuthubutu kuliuliza. Shuleni Tanga mwalimu alishatuambia kwamba chuo ni mahali wanapokwenda wakubwa waliofaulu mitihani. Sasa Bibi ana vyuo vingapi ndani ya kasha lile?

Nilikuwa na miaka saba, na jibu nililojipa ni kwamba ndani ya kasha kuna mji. Ukifunua mfuniko unakuta ngazi, ukishuka unakuta ukumbi mrefu wenye milango, na kila mlango ni wa ulimwengu wake. Majini wana chumba chao, samaki wana chao, watu wa mwezini wana chao, na waliokufa zamani nao wana chao. Kila ulimwengu una maandishi yake, na kila chumba kina mzee anayeyatunza, ameshika kandili. Jina la mahali pale lilikuja lenyewe: Chuo cha Vyuo. Nikaweka na sharti. Milango ile haina funguo. Juu ya kila mlango kumeandikwa mstari mmoja, na mlango unafunguka ukiusoma mstari huo kwa sauti. Usiku nikilala mkekani karibu na kasha nilikuwa nikisoma mistari hiyo kwa lugha nilizozibuni mwenyewe, mpaka Bibi aniambie ninyamaze, nitaita mashetani.

Miaka mingi baadaye ndipo nilipojua kwamba Bibi alikuwa akilitumia neno kwa maana yake kongwe. Ule utenzi wa mwaka 1728 ambao Mwengo bin Athumani aliutunga kisiwani Pate kuhusu vita vya Tabuk unaitwa pia Chuo cha Herekali, yaani Kitabu cha Herekali, mfalme wa Rumi. Mwanachuoni ni mtu wa vitabu. Chuoni ni pale vitabu vinaposomwa. Majengo yamekuja nyuma.

Kama watoto wote wa mtaani kwetu, nilipelekwa chuoni kusoma Kurani nikiwa mdogo. Alifu, bee, tee. Fataha, kasira, dhuma. Kufika miaka kumi nilikuwa nasoma juzuu bila kukwama, na sikuwa naelewa hata neno moja. Hakuna aliyeniambia kwamba herufi zile zile za Kiarabu zimewahi kubeba Kiswahili, lugha niliyokuwa nikiombea maji na chakula. Nilichokijua ni kimoja: kilichoandikwa kwa herufi zile ni maneno ya Mungu. Mjomba wangu naye alijua hivyo hivyo.

Mwaka 1994 mvua za masika ziliingia nyumbani kwa Bibi kupitia makuti yaliyochakaa. Mwenyewe hakuwepo, alikuwa amelazwa Tanga kwa ajili ya mguu. Mjomba alipofungua kasha alikuta karatasi za juu zimelowa, zimeshikana, nyingine zimeanza kuota ukungu. Mjomba ni mcha Mungu, na aliogopa. Karatasi zenye maneno matukufu hazitupwi jalalani. Huzikwa mahali pasipokanyagwa, au huchomwa kwa adabu, au hutiwa kwenye maji yanayokwenda. Alizikusanya zote, mbichi na kavu, akazifunga ndani ya shuka jeupe pamoja na jiwe, tukapanda mtumbwi mpaka pale mto unapokutana na bahari. Nilikuwa na miaka kumi na nne, na mimi ndiye niliyepakata furushi. Mjomba alisoma Fatiha, kisha akaniambia, "Teremsha polepole, usirushe." Niliteremsha polepole. Maji yalikuwa na rangi ya chai ya maziwa kwa ajili ya mafuriko. Furushi lilikaa juu kidogo, likanywa maji, likazama.

Sidhani kama nimewahi kufanya jambo kwa adabu kuliko lile. Na sina ninalolijutia zaidi.

Bibi aliporudi, kabla hata hajavua buibui, aliuliza, "Vyuo vyangu viko wapi?" Mjomba akaeleza yote, mvua, ukungu, shuka jeupe, Fatiha. Bibi akakaa kimya muda wa kutosha kuchemsha chai. Kisha akasema, "Barua za baba zangu zilikuwa humo. Hesabu za mbata. Dawa za mama. Nani kakwambia ile ni Kurani?"

"Herufi, mama," Mjomba akajibu.

Hakumgombeza. Aliniambia niinue godoro. Chini yake kulikuwa na bahasha ya kaki yenye karatasi kumi na moja, ambazo alikuwa amezitoa kwenye kasha ili azisome usiku wakati usingizi hauji. Kumi na moja, kutoka kwenye kasha ambalo mimi na Mjomba tulilinyanyua watu wawili.

Siku hiyo ndipo nilipojua kwamba Bibi anasoma. Nilikuwa nimemwona na vyuo vyake maisha yangu yote, nikidhani anafanya uradi. Na si mimi peke yangu niliyekosea. Mwaka 1970, ulipotangazwa kuwa Mwaka wa Elimu ya Watu Wazima, mtu mmoja alipita nyumba kwa nyumba akiandikisha wasiojua kusoma. Alimwonyesha Bibi a, e, i, o, u. Bibi hakuzijua, akaandikwa hajui kusoma wala kuandika. Alikwenda darasani chini ya mwembe, akazijua herufi za Kirumi, na alilishukuru darasa lile mpaka mwisho wa maisha yake. Lakini alikuwa na neno lake alilolirudia: "Waliniuliza kama najua kusoma. Hawakuniuliza nasoma nini."

Nikifikiria jinsi jambo hili lilivyotokea haraka, huwa nashtuka. Kuna barua za Kiswahili kutoka Kilwa, za kuanzia mwaka 1711, zilizohifadhiwa Goa, India, zote kwa herufi za Kiarabu. Mwana Kupona aliandika wasia wake kwa binti yake mwaka 1858 kwa herufi hizo. Mshairi Muyaka wa Mombasa tunaye leo kwa sababu kuna watu waliomwandika kwa herufi hizo. Wafanyabiashara, makadhi, waganga, wanawake majumbani, wote waliandikiana hivyo pwani nzima. Kisha Wajerumani wakafungua shule ya serikali pale pale Tanga, wakaanza kuandikisha makarani kwa herufi za Kirumi, na gazeti la Kiongozi likawa linachapwa Tanga kabla ya Vita Kuu ya Kwanza. Waingereza wakaendeleza. Vikapita vizazi viwili au vitatu, na mjukuu wa watu wale akawa yeye ndiye anayezizamisha barua zao.

Bibi alinifundisha kwa karatasi zile kumi na moja, kila likizo. Nilidhani itakuwa rahisi, herufi nazijua, lugha naijua. Siku ya kwanza alinipa barua iliyokuwa kongwe kuliko zote, ya babu yake, ya enzi za misafara ya bara, na akaweka ncha ya ufito wa fagio juu ya neno moja: بِبِ. "Soma."

"Bibi," nikasema.

"Endelea."

Neno lililofuata nikalisoma bili. Bibi bili. Baada yake, zimefika. Nikarudia kwa sauti: "Bibi bili zimefika." Bibi akacheka mpaka akashika ubavu. "Mimi na nani hao zimefika? Bibi ni nguo?"

Hapo ndipo elimu yangu ilipoanza. Kiarabu kina irabu fupi tatu, Kiswahili kina tano, kwa hiyo alama moja ya kasira inabeba i na e, na moja ya dhuma inabeba u na o. Sauti ya p haina herufi yake, basi bee anasaidia. Ghaini anasimama mahali pa g. Fee anabeba na v, shini anabeba na ch. Halafu kuna mb, nd na ng. Waandishi wengi waliiacha ile m au n, wakaandika herufi inayofuata peke yake, wakijua msomaji ataijazia. Mombasa kuna walioongeza nukta na alama ili p ijulikane na b, na e ijulikane na i. Wazee wa Bibi hawakuziongeza. Kwa hiyo بِبِ inaweza kuwa bibi, inaweza kuwa pembe. Kinachokwambia ni lipi ni lile zi- la zimefika. Pembe mbili zimefika. Pembe za ndovu, kwenye mji ambao misafara ya bara ilikuwa ikishukia.

"Usisimame juu ya neno," Bibi alikuwa akinifundisha. "Pita. Neno la mbele litakwambia la nyuma ni nani." Nimesoma sarufi ya Kiswahili sekondari na baada ya sekondari, nimekariri ngeli kwa majedwali, lakini sikuwahi kuziheshimu mpaka nilipoona zikiisoma barua ambayo herufi zake hazitoshi.

Nikamuuliza wazee waliwezaje kuishi na maandishi yenye mapengo namna hiyo. Aliniangalia kama mtu aliyeulizwa kwa nini maji yanalowesha. "Mapengo yapi? Anayeandika anajua Kiswahili, anayesoma anajua Kiswahili. Karatasi inamkumbusha tu." Nusu ya barua iliandikwa, nusu nyingine ilikuwa imeshakaa kinywani mwa yule aliyeandikiwa. Neno hilo nilikaa nalo miaka mingi kabla sijalielewa sawasawa, na nililielewa kwa kuumia.

Desemba 2002, wakati wa Idi, nilikwenda Pangani na redio kaseti. Wakati huo nilikuwa nafanya kazi Dar es Salaam na mikono yake ilikuwa imeanza kutetemeka. Tulikaa barazani siku mbili. Yeye anasoma, mimi nashika kitufe, kuku wanapita, muuza samaki anapiga kelele, vyote vimo ndani ya kanda. Tulimaliza karatasi saba. Zilibaki nne na nilitakiwa kuwahi basi la asubuhi. Nikamwambia hizo nne nitakuja kuzichukua Idi ya Mfungo Tatu. Idi ilipofika kazi zilinibana, sikwenda. Akafariki Machi.

Karatasi zile nne ninazo. Hazijachanika, wino wake unaonekana mpaka leo. Nazisoma, lakini nazisoma kwa kubahatisha: hapa ni kombe au kobe, hapa ni jina la mtu au la mahali, hapa babu alikuwa anatania au anaonya. Ukinichezea kanda nasikia karatasi saba zikisema. Hizi nne nazitazama tu midomo.

Baada ya hapo nilishikwa na hofu ya kuhifadhi, na nikafanya makosa ya mtu mwenye hofu. Nilizitia karatasi kwenye mifuko ya plastiki, nikaifunga vizuri. Baada ya mvua moja nikakuta ukungu, kwa sababu plastiki inaufungia unyevu ndani. Nikataka kwenda kuzilaminisha kwenye duka la steshenari, tayari nimeshaulizia bei, na aliyenizuia ni mkutubi mmoja niliyekutana naye Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, ambako kuna maktaba ya miswada ya Kiswahili iliyokusanywa pwani nzima, mingi ikiwa ya wakati mtafiti J.W.T. Allen alipokuwa akizunguka akiwaomba wenye nyumba. Aliniambia karatasi ikishalaminishwa haitoki tena salama. Nifunge kwa kitambaa cha pamba kilichofuliwa bila dawa, niweke juu, mbali na ukuta na sakafu, nifungue mara kwa mara zipate hewa. Nipige picha karibu na dirisha bila mwanga wa kamera, na rula pembeni ili ukubwa ujulikane. Na picha zisikae nyumba moja. Nimeyafuata yote, na nawaomba wenye makasha nyumbani wayafuate. Lamu, miswada ya Msikiti wa Riyadha imepigwa picha kwa msaada wa mradi wa Maktaba ya Uingereza wa kunusuru nyaraka zilizo hatarini. Nilipoziona picha hizo kwenye kompyuta nilifurahi kwa ajili ya Lamu, na nikaona aibu kwa ajili ya ule mto wetu.

Lakini nilikuwa nimeshajifunza kwa Bibi kwamba picha ni nusu. Kwa hiyo niliporudi kuishi Tanga nilianza kuwafundisha watoto, kila Jumamosi asubuhi, barazani kwangu. Mwanzo walikuwa watoto wa dada yangu watatu, kisha wa jirani, sasa ni tisa. Walichoka haraka. Mtoto wa miaka kumi barua ya deni la nazi inamhusu nini? Jumamosi moja, baada ya kuona wanapiga miayo, niliwasimulia habari za ngazi ndani ya kasha, ukumbi, milango, wazee wenye kandili. Binti wa dada yangu akauliza, "Mjomba, na huo mlango wetu uko wapi?" Kuanzia hapo Chuo cha Vyuo kikawa chao. Kila mtoto akachagua ulimwengu wa kuutunza, akatafuta habari zake, akauchorea mlango kwenye daftari kubwa la kaunta. Majini na watu wa mwezini hawakuchaguliwa na mtu. Walitaka malimwengu ya kweli, na yalikuwa ya ajabu kuliko niliyoyabuni mimi.

Mmoja akachukua Foumban, Kamerun, chumba cha Mfalme Njoya, ambaye mwishoni mwa karne ya 19 aliwaita watu wake wachore alama za vitu, akazikusanya, akazichuja, akazipunguza tena na tena mpaka zikawa mwandiko wa lugha yao, akafungua shule, akaandikisha historia ya ufalme. Wafaransa walipoingia shule zake zikafungwa, naye mwaka 1931 akahamishiwa Yaoundé, akafia huko miaka miwili baadaye. Kijana aliyekitunza chumba hiki alikasirika kwa dhati, siku nzima hakucheza.

Mwingine akachukua Guinea, kwa ndugu wawili, Ibrahima na Abdoulaye Barry, ambao mwaka 1989, mmoja ana miaka kumi na minne na mwingine kumi, walijifungia chumbani wakabuni herufi za Kifulani kwa sababu herufi za Kiarabu hazikutosha sauti za lugha yao. Leo herufi hizo, Adlam, ziko kwenye simu. Watoto walilipenda hili kuliko yote, maana wavulana wale walikuwa rika lao, na tatizo lao walilijua: bee asiyeweza kuwa p.

Binti wa dada yangu alichukua Rapa Nui, kisiwa kilicho peke yake katikati ya Pasifiki. Watu wake walichonga maandishi kwenye mbao, mstari mmoja unakwenda, unaofuata umepinduliwa kichwa chini, hivyo msomaji anaugeuza ubao kila anapofika mwisho. Mwaka 1862 meli za kutoka Peru zikaja kuwakamata watu kwa ajili ya utumwa, na waliokuwa wakijua kusoma wakachukuliwa pamoja na wengine. Waliorudi walikuwa wachache sana, na walirudi na ndui. Vipande takriban ishirini na vitano vimebaki, vyote viko nje ya kisiwa, vingi kwenye makumbusho, vinatunzwa. Hakuna mtu duniani anayeweza kuvisoma.

"Sasa mlango wangu unafunguliwaje?" akaniuliza. Nikamwambia sijui, kwa sharti letu haufunguki. Alifikiri, kisha akachora kiti nje ya mlango. "Basi mzee atakaa nje, akisubiri." Tangu siku hiyo, kwenye daftari letu, kiti nje ya mlango ndiyo alama ya maandishi yaliyokosa msomaji.

Meroe, ule ufalme wa Nile uliokuwa Sudan, ulituletea ubishi. Herufi zake zinajulikana: mtaalamu Francis Griffith alishazitolea sauti kufikia mwaka 1911. Mtu anaweza kusimama mbele ya jiwe akasoma kwa sauti, lakini lugha yenyewe ilishakufa, na maneno mengi hayajulikani maana. Je, mlango wake unafunguka? Sharti linasema kusoma kwa sauti, na sauti ipo. Walibishana karibu saa nzima. Mtoto wa jirani, mdogo kuliko wote, akasema, "Kama sisi na juzuu." Baraza likanyamaza. Niliwaza miaka yangu chuoni, nikisoma bila kukwama na bila kuelewa, na ule mtumbwi. Mlango wa Meroe tukauchora umefunguka nusu.

Chumba cha Wamaya sikutaka mtoto akichague, lakini mmoja alikichagua. Mwaka 1562, Maní, Yucatán, Meksiko ya leo, kasisi Diego de Landa alichoma vyuo vyao kwa kuwa aliona ni kazi ya shetani. Vinavyojulikana kubaki ni vinne. Mtoto aliposoma habari hizo aliwalaani waliochoma, na wenzake wakaitikia. Mjomba alikuwa amekaa pale. Siku hizi ana miaka zaidi ya sabini, amehamia Tanga kwa binti yake, na Jumamosi anakuja barazani na fimbo yake. Aliinua mkono kama mwanafunzi, akawaambia watoto: "Mimi pia nilipoteza vyuo. Sikuvichukia. Nilivipenda mno, na sikujua kuvisoma." Akawasimulia yote, shuka, jiwe, Fatiha. Sikuwahi kumsikia akiisimulia habari ile kwa mtu.

Yeye ndiye mwanafunzi wangu mwenye bidii kuliko wote. Kurani anaijua kwa moyo, lakini Kiswahili kwa herufi zile zile kinamtoa jasho. Anafuata mstari kwa kidole na midomo inamchezacheza, na akilipata neno anapiga fimbo chini.

Mwezi uliopita tulifika karatasi ya tisa, mojawapo ya zile nne zisizo na sauti. Ni barua ya baba yake Bibi kwa mdogo wake. Inaanza kwa salamu kama barua zote za zamani, wa baadu, inapita kwenye bei ya mbata, kisha inamgeukia kijana mmoja wa ukoo aliyeoa karibuni, ambaye nyumbani kwake hakukaliki kwa ajili ya ugomvi wa shamba. Mstari unasema: mwambie kijana, kisha neno, kisha mkewe. Neno lenyewe kwa herufi tupu ni asimbighi. Tuliijaza g. Tuliijaza e ya mwisho. Asimpige mkewe, Mjomba akasoma, akapiga fimbo chini.

Binti wa dada yangu akainua mkono. "Au kuna n imeachwa. Asimpinge mkewe."

Nilitazama karatasi. Kweli. Pige na pinge, bee yule yule, ghaini yule yule, kasira zile zile. Nikapita mbele kama nilivyofundishwa, ili neno linalofuata linieleze la nyuma, lakini mkewe anakubali yote mawili, na baada ya hapo barua inasema tu kwamba mambo ya shamba yatakwisha yenyewe. Ngeli hapa hazisaidii. Mtu mmoja alimkanya kijana asinyanyue mkono, au alimshauri akubaliane na mke wake kuhusu shamba. Ni watu wawili tofauti, na nilitaka sana kujua ni yupi kati yao ndiye babu yangu.

Mjomba alisema alimkuta yule kijana ameshazeeka, alikuwa mkali, ni pige. Binti akasema mwanamke ndiye aliyekuwa na haki ya shamba, ndiyo maana ugomvi, ni pinge. Walirudi kwenye mstari mara tano, vichwa vyao viwili vimeinama juu ya karatasi moja, cheupe kwa mvi na cheusi kwa mitandio. Mwishowe Mjomba akavua miwani. "Angekuwepo mama tungemuuliza," akasema.

Kwenye daftari tumeuandika mstari mara mbili, mmoja chini ya mwingine, na pembeni mtoto wa jirani amechora kiti.